Utepe wa Solbakken

Studebaker ya kijani ilikuwa inakimbilia Kanada, na Ford nyeusi ya Borghild Nesheim ilikuwa inakula vumbi lake.

Jumamosi mchana. Novemba, 1952. Dakota Kaskazini, ngano imeshavunwa, mabua tupu mpaka macho yanapokoma.

Redio ya Motorola chini ya dashibodi ilikoroma, ikimuunganisha na mkuu wake aliyeko Washington kwa majina yao ya siri.

"Kware, hapa Ghala. Unamwona?"

"Namwona."

"Ana mzigo?"

"Nitajua nikimfikia."

"Namtaka akiwa hai."

Borghild alikanyaga mafuta mpaka mwisho. Mafundi wa Ofisi, idara ya ujasusi aliyoitumikia, huko Washington walikuwa wameichokonoa ile injini ya V8 kwa wiki nzima, na mshale wa mwendo ulipita maili tisini kwa saa bila kutetemeka. Kwenye kiti cha pembeni bastola yake ya Colt iliteleza huku na huko.

Dereva wa Studebaker alikuwa hodari kweli kweli. Kosa lake lilikuwa moja tu: hakuzaliwa kwetu.

Barabara zetu zimenyooka mpaka zinachosha. Unaendesha maili ishirini na ushei bila kugusa usukani. Halafu, mahali pasipo na nyumba wala mti, barabara inakata kona ya ghafla, inasogea kando kidogo, kisha inaendelea kaskazini kana kwamba hakuna kilichotokea. Dunia ni mviringo, na wapima ardhi wa zamani walipoona mistari yao inakaribiana walirekebisha hapo hapo wakaenda zao. Kila mkulima anazijua kona hizo. Mgeni huzijua mara moja tu.

Borghild alianza kufunga breki. Studebaker haikufunga.

Iliruka mtaro, ikabiringika, ikatua chali ndani ya bwawa la bata.

Alipofika majini dereva alikuwa ameshakata roho. Alimtambua kwa picha ya kwenye faili: Lucien Marchildon, mlanguzi wa sigara kutoka Winnipeg, mtu wa kuvusha chochote ilimradi alipwe. Ndani ya gari kulikuwa na katoni za Lucky Strike, wiski, na kisanduku cha mbao chenye shimo la duara la kukalia bati, yaani mkebe, la utepe wa sauti.

Shimo lilikuwa tupu. Mzigo ulikuwa umeshafika kwa mwenyewe.

Kwenye mfuko wa koti la marehemu kulikuwa na tiketi ya chakula cha jioni, Kanisa la Kilutheri la Solbakken, leo Jumamosi. Tiketi hizo huuzwa mbili mbili. Ya pili ilikuwa imechanwa, maana yake aliyepokea mzigo ndiye aliyekuwa nayo.

Borghild alikaa kwenye ukingo wa bwawa, soksi zimelowa, akaitazama kwa muda. Solbakken ndiko alikozaliwa. Alibatizwa katika kanisa hilo hilo, na kaka yake alikuwa bado anaimba kwenye kwaya.

*

Mambo yalikuwa hivi. Jumanne jimbo zima lingepiga kura kumchagua seneta wa kwenda Washington. Aliyekuwa anakitetea kiti ni Halgrim Ostby, mzee mwenye kifua cha fahali na sauti ya kinanda cha kanisa. Ostby ndiye aliyekuwa ameshikilia bango mradi wa rada za mpakani, zile za kuona ndege za adui zikitokea juu ya ncha ya dunia. Bila yeye mradi ungelegalega. Na kulikuwa na watu ng'ambo ya bahari waliopenda sana ulegee mpaka ufe.

Watu hao hawakumtuma mtu na bunduki. Walikusanya hotuba za Ostby za miaka sita, wakampa fundi wa sauti huko Montreal mkasi na gundi. Fundi alikata neno hapa, neno pale, akaunganisha. Baadaye dhamiri ilimsuta akaenda polisi. Alisema kwenye utepe ule seneta anazungumzia vijana wa Dakota waliokufa Korea. Anasema: vijana wa mashambani wapo wengi, Korea haijapunguza kitu. Kisha anacheka.

Na kicheko kilikuwa chake kweli. Kilitolewa kwenye harusi ya mpwa wake.

Utepe ungesikika Jumatatu jioni, wakati ambapo hotuba ya mwisho ya Ostby, iliyorekodiwa tayari, ingerushwa na Redio Solbakken na kupokewa hewani na vituo vyote vya jimbo. Watu wangelala na sauti ile masikioni, wakaamka kwenda kupiga kura. Seneta asingepata hata nafasi ya kukanusha.

Borghild alikuwa anakaa kwa kaka yake, Tarald, katika nyumba waliyolelewa. Aliwaambia majirani amepewa likizo na kampuni ya bima anakofanya kazi. Mchana huo Tarald alikuwa kazini. Borghild akainua mkono wa simu uliokuwa ukutani, akaomba Washington.

Tatizo la simu ya kwetu ni kwamba laini ni moja kwa nyumba nane. Ukipokea wewe, wamepokea wote. Hakuna anayeona aibu. Ndiyo maana kwenye simu utepe uliitwa keki.

"Ghala, ni mimi," alisema. "Dereva amepata ajali, hayupo tena. Keki haikuwa naye."

"Iko wapi?"

"Italetwa kanisani leo jioni. Sijui na nani."

"Usimkamate mbele ya watu. Nataka kujua anampa nani." Mkuu wake alitega sikio. "Kware, ni nani anayepumua?"

"Ni mimi Gunvor Skaar," ilisema sauti ya mwanamke, bila haraka. "Borghild, mwanangu, kama keki zimepungua mimi ninazo mbili za lozi. Mwambie huyo bwana asihangaike."

"Asante, Bi Gunvor."

"Na amekufa nani?"

"Si wa huku, Bi Gunvor."

"Ahaa," alisema Bi Gunvor, na simu saba zikasikika zikirudishwa mahali pake moja baada ya nyingine.

*

Chakula kile hufanyika chini ya kanisa, ukumbini, kila mwaka baada ya mavuno. Ni samaki mkavu aliyelowekwa kwenye magadi siku nyingi hadi akalegea kama uji mzito, akamiminiwa siagi, akaliwa na chapati za viazi. Harufu yake hukupokea ukiwa bado nje. Watu husafiri maili hamsini kumla, na wengi wao hawampendi. Wanakula kwa sababu baba zao walikula.

Watu mia mbili, wote weupe wa uso, wote wamevaa suti za kijivu, wote wanasema wametoka parokia ya jirani. Mmoja wao alikuwa mwongo.

Borghild alifunga aproni na kuchukua birika kubwa la kahawa. Colt ilikuwa chini ya aproni.

Kwetu, ukiletewa kahawa, unakataa. Unasema, usisumbuke. Ukiletewa tena unasema labda tone moja, kama mlikuwa mnataka kuimwaga. Mara ya tatu ndipo unasogeza kikombe. Mtoto wa miaka mitano anaujua utaratibu huu. Hakuna aliyewahi kuuandika popote, na kwa hiyo hakuna shule ya majasusi iliyoufundisha.

Alipita meza ya kwanza. Usisumbuke, dada. Meza ya pili. Hapana, hapana, wape wengine. Meza ya tatu alikaa bwana mmoja mwenye miwani ya dhahabu, anayezungumza kwa lafudhi yetu vizuri kuliko mchungaji. Alikuwa amekwisha kuwaeleza majirani zake kwamba anaitwa Orville Stensrud, anauza mbegu, amezaliwa shambani karibu na Crosby, babu yake alitoka Sogn, kule walikotoka babu zetu.

"Kahawa, Bwana Stensrud?"

"Ndiyo, asante sana. Jaza."

Mzee Nils Bruflat aliacha kutafuna.

"Huyu atakuwa ameishi sana mjini Minneapolis," alinong'ona kwa jirani yake, na meza ikaendelea kula.

Borghild alijaza kikombe mpaka ukingoni. Aliendelea na meza ya nne huku akimtazama mtu wake kupitia kioo cha kabati la vyombo.

Karibu na ngazi kulikuwa na meza ya mabati ya biskuti, mikebe ya duara ambayo akina mama huwajazia watu wakirudi nyumbani. Stensrud alipomaliza kula alipita pale, akafungua koti, akaweka bati lake katikati ya mabati mengine. Kisha akapanda ngazi akatoka.

Borghild alisubiri.

Mkono ulikuja ukachukua bati lile. Haukupapasa wala kuchagua. Ulikuwa mkono mpana, wenye kovu la moto kwenye kidole gumba, na Borghild alilijua kovu hilo kwa sababu alikuwapo lilipopatikana, yeye akiwa na miaka sita na mwenye mkono miaka kumi na mmoja, wakichezea jiko la marehemu mama.

Tarald aliweka bati kwapani, akawaaga watu, akampungia dada yake mkono.

Tarald Nesheim. Mhandisi mkuu wa Redio Solbakken.

Borghild aliweka birika chini kabla halijamponyoka. Alipopanda ngazi mbio na kutoka nje, gari la Stensrud lilikuwa limeshatokomea, na taa za pikapu ya Tarald zilikuwa zinaelekea kituoni, ambako angelifungia bati ndani ya sefu.

Jioni hiyo Ghala aliuliza kwa simu ni nani ameipokea keki.

"Sikuona," alisema Borghild.

Miaka tisa ya kazi, na huo ulikuwa uongo wake wa kwanza kwa mkuu wake. Kisha akaomba atumiwe keki ya pili, yaani utepe wa hotuba halisi, kutoka ofisi ya kampeni huko Bismarck, mji mkuu wa jimbo, ije na basi. Ghala hakuuliza sababu. Bi Gunvor ndiye aliyeuliza.

*

Jumapili baada ya ibada walikula viazi na nyama ya jana, wawili tu. Mke wa Tarald alikuwa amehamia kwa ndugu zake tangu mazishi. Ukutani kulikuwa na picha ya Kjell, mtoto wao wa pekee, amevaa sare, masikio yamesimama kama ya baba yake. Aliuawa Korea akiwa na miaka ishirini.

Borghild alijua kitu kimoja ambacho kaka yake hakukijua. Wale wa ng'ambo hawaachi shahidi. Utepe ukishasikika, Stensrud angemmaliza aliyeufungulia. Na kama Stensrud angeshindwa, kulikuwa na gereza. Kumsaidia adui wakati wa vita ni miaka mingi, na Tarald alikuwa na mapafu mabovu. Kwa njia yoyote ile angempoteza.

Angeweza kumwambia hapo hapo mezani. Lakini Tarald angetishika, Stensrud angenusa, angepotea na kuibuka mwaka mwingine, mahali pengine. Ilibidi Stensrud aje studio mwenyewe. Basi Borghild aliuliza tu, kama mtu anayepitisha wakati, kama kaka atampigia Ostby kura.

Tarald aliweka uma chini. Alieleza taratibu, bila kupandisha sauti. Masika yaliyopita seneta alikuja Solbakken. Unajua alivyo, anamjua kila mtu, anajua mpaka jina la mbwa wako. Alimshika Tarald mkono kwa mikono yote miwili.

"Akaniuliza, Kjell hajambo? Bado anacheza mpira?" Tarald alitazama sahani yake. "Miezi minane tangu tumzike, mdogo wangu. Yeye ndiye aliyesimama kule Washington akasema vijana waende. Nikamjibu hajambo."

"Ulimjibu hajambo?"

"Watu walikuwa wanatazama. Ningesema nini?"

Borghild alinyanyuka akaosha vyombo, na alilia kidogo mgongo ukiwa umegeuka.

*

Jumatatu mchana, Tarald akiwa studio, Borghild alifungua kwa waya kufuli la kibanda kilicho chini ya mlingoti, ng'ambo ya shamba. Humo ndimo ulimo mtambo wa kurusha matangazo. Sauti hutoka studio, inapita kwenye kebo, inafika kibandani, inapanda mlingotini.

Alikata kebo. Katikati ya mkato alifunga kijisanduku cha chuma kutoka kwa mafundi wa Ofisi, chenye saa ya umeme ndani. Kando yake aliweka mashine ya kuchezea utepe, Magnecord, yenye hotuba halisi iliyoletwa na basi. Mpaka jioni kijisanduku kingeruhusu sauti ya studio ipite. Hotuba ikitangazwa, kingeifunga studio na kuifungulia Magnecord.

Uchaguzi ukawa salama. Chochote ambacho kingepigwa kule studio, jimbo lingesikia kitu kingine.

Kaka yake hakuwa salama. Na sasa, maadamu utepe haukuwa na madhara tena, Borghild alitaka jambo moja tu, alitaka aone Tarald anaukataa mwenyewe. Akiukataa, hakuna kosa. Angemwandika kama shahidi, na hapo hata uongo usingehitajika.

Aliingia studio giza likiwa limeanza. Tarald alikuwa peke yake mbele ya meza ya swichi. Bati lilikuwa wazi, utepe umeshapachikwa.

"Najua hicho ni nini, kaka," alisema. "Najua aliyekupa. Kimetengenezwa. Ostby hakuyasema hayo."

"Najua."

Borghild alidhani hakusikia vizuri.

"Nakata tepu kila siku, mdogo wangu," alisema Tarald. "Mara ya kwanza kukisikiliza niliona viungo vyote. Pumzi haifuatani. Yule bwana alidhani amenidanganya, nikamwacha adhani hivyo."

"Basi kwa nini?"

"Kwa sababu alicheka kweli mahali fulani. Mwanangu yuko ardhini na yeye alikuwa mahali fulani anacheka. Wamesogeza tu kicheko."

"Huyo bwana atakuua ukimaliza."

"Huenda."

Taa za gari zilipiga dirishani. Tarald alisimama haraka, akamshika dada yake bega, akamsukuma ndani ya chumba cha sahani za santuri na kuegesha mlango.

"Kaa humo. Usitoke."

Stensrud aliingia akikung'uta theluji mabegani. Alivua miwani ya dhahabu, akaifuta, akauliza kama kila kitu kiko tayari. Tarald alisema kiko tayari. Stensrud akasimama nyuma yake.

Mtangazaji wa Bismarck alisikika akimkaribisha Seneta Halgrim Ostby. Tarald alifungua swichi. Sauti ya Ostby, ile ya kinanda, ikajaa studio, na kwa ufa wa mlango Borghild alimwona Stensrud anatoa bastola ya Walther mfukoni, anaanza kuikazia kizuia sauti mdomoni. Aliizungusha polepole, kama mtu anayefunga chupa ya dawa.

Borghild alipiga mlango teke.

Stensrud aligeuka upesi kuliko Borghild alivyotarajia. Risasi ya kwanza ilipita kwenye mkono wa kushoto wa Borghild, ikavunja santuri nyuma yake. Hakusubiri ya pili. Colt ilinguruma mara mbili ndani ya chumba kidogo.

Muuza mbegu wa Crosby alikaa sakafuni, akaegemea ukuta, akafa amefumbua macho.

Walther iliteleza mpaka chini ya kiti. Borghild alipiga magoti akaiokota, damu inamdondoka kwenye vidole. Utepe ulikuwa bado unazunguka. Vijana wa mashambani wapo wengi, alisema Ostby.

"Kaka. Zima."

Tarald alikuwa amesimama, mkono juu ya swichi. Hakuna aliyemshikia bastola sasa. Hakuna aliyemlazimisha. Alimtazama dada yake, akaitazama damu, uso umemkunjamana kama wa mtu anayebeba gunia.

"Tarald. Nakuomba. Zima."

Korea haijapunguza kitu, alisema Ostby, na akacheka.

Tarald aliondoa mkono kwenye swichi. Akaketi. Akauacha utepe uendelee mpaka ncha yake ikachomoka na kupigapiga kwenye mashine.

Kisha akavua shati lake la juu, akalichana, akamfunga dada yake mkono. Alifunga vizuri.

Simu ya studio ililia. Tarald aliinua, na sauti ya Bi Gunvor ikasikika mpaka alipoketi Borghild. Alisema hotuba ilikuwa nzuri, ila seneta ameongea mno juu ya bei ya ngano, na mumewe amesinzia kabla ya dua ya mwisho. Na je, wao kule studio wamekula?

"Tumekula, Bi Gunvor," alisema Tarald. Akaweka simu chini. Akamgeukia dada yake.

"Hawakuisikia."

"Hawakuisikia," alisema Borghild.

"Uliikata lini?"

"Mchana."

"Kwa hiyo ulikuja tu kunitazama."

"Nilikuja nikitumaini."

Tarald alitikisa kichwa, si kwa hasira.

Simu ililia tena. Safari hii ilikuwa Washington.

"Kware. Ripoti."

"Utepe haukutoka hewani. Mtu wao amekufa. Nina jeraha dogo."

"Mhandisi?"

Borghild aliutazama ukuta. "Alishikiwa bastola. Hakuwa na hiari. Hana hatia."

Mkono mpana ulikuja ukauchukua mkono wa simu kutoka mkononi mwake. Borghild aliushikilia, lakini alikuwa na mkono mmoja tu mzima.

"Bwana, hapa anaongea Tarald Nesheim," alisema kaka yake. "Dada yangu hajui kudanganya, hajawahi kujua. Bastola ilikuwa sakafuni. Aliniomba nizime. Sikuzima."

*

Jumanne asubuhi waliondoka kwenda Fargo kwa ile Ford. Borghild hakumfunga pingu. Walipokaribia shule ya Solbakken, mahali pa kupigia kura, Tarald aliomba asimamishe gari.

"Bado sijahukumiwa," alisema.

Alisimama kwenye foleni na wakulima wengine, kofia mkononi. Walimsalimia kama kawaida, wakamuuliza juu ya theluji. Aliingia, akatoka. Borghild hakumuuliza kitu, kwa sababu kwetu mtu haulizwi kura yake, hata na mkewe.

Safari ilikuwa ndefu. Mlangoni mwa jengo la serikali, Fargo, ofisa mmoja alikuwa anawasubiri. Tarald alisimama ngazini.

"Nimempa mpinzani wake," alisema.

"Sikukuuliza, kaka."

"Najua. Nataka ujue tu. Hii ni yangu. Ni moja, lakini ni yangu."

"Ni yako," alisema Borghild. "Hiyo hakuna wa kukunyang'anya."

Alimkumbatia kwa mkono mmoja. Kisha ofisa akamwingiza ndani.

Borghild aliandika maelezo yake, akapigwa sindano ya jeraha, akaandika tena. Jioni redio ya maofisa ilianza kutaja hesabu za wilaya. Kwanza Ostby alikuwa mbele kidogo. Kisha zikaja wilaya za magharibi, kisha za mpakani, shamba kwa shamba, na hakuwa mbele tena. Kabla maofisa hawajamaliza sahani zao za chakula ilikuwa wazi kabisa. Halgrim Ostby alikuwa ameangushwa, na si kwa kura chache. Watu walikuwa wamemchoka siku nyingi. Hakuna aliyekuwa ameliona hilo, si Washington, si ng'ambo ya bahari.

Tarald hakuhitaji utepe. Alihitaji kusubiri siku moja.

Simu iliita. Ghala alisema wameshindwa, rada zimekwenda na maji, kazi yote ya bure.

"Ostby ameshindwa," alisema Borghild. "Watu wenyewe wamemkataa." Akaweka simu chini.

Alivaa koti, akapenyeza mkono uliofungwa taratibu. Ofisa wa zamu alikuwa kijana mwenye adabu, na alikuwa ameshika funguo za mahabusu.

"Bibi Nesheim, nikimpelekea kaka yako chakula nimwambie matokeo?"

Borghild alifikiri kidogo, anavaa glavu.

"Mwambie kesho," alisema. "Mwache alale."

Akashuka ngazi kuelekea kwenye Ford. Theluji ilikuwa imeanza kwa bidii, na alilazimika kufuta kioo kwanza.